Mwendo wa Mzee Maganga

Ipo siku moja, mwanangu, ambayo mpaka leo nikiikumbuka naona haya, na ajabu yake ni kwamba siku hiyo nilishangiliwa kuliko siku nyingine yoyote ya ujana wangu. Nataka nikusimulie. Usiniharakishe, mimi sina treni ya kuwahi, na hiyo simu yako iweke mfukoni kwanza, haitaoza.

Wengi wenu mnanijua sura, jina hamlijui. Nikipita sokoni hapa Tabora, mmoja ataniita hakimu, mwingine ataniita mlinzi, na yupo mama muuza dagaa ambaye huniamkia "Shikamoo mjomba" huku amenuna, kwa sababu aliniona kwenye tamthilia nikiwa mjomba anayewadhulumu yatima shamba lao. Lile shamba hajanisamehe hadi leo. Nimeigiza kwenye redio, kwenye televisheni na kwenye filamu, miaka mingi kuliko umri wa baba yako, na sijawahi kuwa mhusika mkuu hata mara moja. Picha yangu haijabandikwa kwenye bango lolote. Mimi ni yule anayefungua geti, anayeleta barua, anayemwambia shujaa kwamba daktari ametoka kidogo. Na bila kujisifu, maana mzee akijisifu anachosha, nakuambia kwamba ipo michezo ambayo watu wamemsahau shujaa wake, ila mlinzi wanamkumbuka.

Ufundi huu sikuupata shuleni. Nilizaliwa Goweko, kwa wakulima wa tumbaku, Wanyamwezi, Wakatoliki wa kusali kila Jumapili, na mara ya kwanza kuona mtu akiigiza ilikuwa msibani. Babu yangu alipofariki, watani wake walikuja kama ilivyo desturi. Mmoja wao, Mzaramo aliyekuwa akishona viatu karibu na stesheni, aliingia ndani akavaa koti la marehemu, akatoka nalo akitembea kama babu, akakohoa kama babu, akamgombeza bibi kwa sauti ya babu kwamba ugali umechelewa. Bibi alikuwa hajatia kitu kinywani siku mbili. Alicheka mpaka akashika ubavu, kisha akalia, kisha akaomba uji. Mimi nilikuwa mtoto mdogo, nikajiambia, kumbe kuna kazi ya namna hii duniani.

Nilipofika miaka ishirini hivi nikaja mjini, nikapokelewa kwenye kikundi cha maigizo cha Bwana Mrisho. Huyu alikuwa fundi cherehani, Mwislamu wa mjini hapa hapa. Babu zake walikuja na misafara kutoka pwani, wakaoa, wakasahau kurudi. Alijihesabu Mzaramo, kwa hiyo alikuwa mtani wangu, na tulikuwa tunatukanana kwa raha kuanzia asubuhi mpaka jioni. Yeye aliniita mpagazi, ananiamuru nijitwike mzigo nimfuate. Mimi nilimjibu kwamba bila mabega ya babu zangu, babu zake wangekuwa bado wamekaa ufukweni wanahesabu shanga. Nakueleza haya ili ujue nilivyozoea. Nilizoea mzaha kiasi cha kusahau kwamba mzaha una wenyewe.

Kikundi kile kilikuwa na mchezo mmoja uliopendwa sana, wa kijana aliyepata kazi nzuri mjini akamtupa mama yake kijijini. Katikati ya mchezo anakuja mlinzi wa ghala, anabisha hodi, anampa barua. Kijana anaifungua, anasoma kwamba mama amekwisha zikwa. Mlinzi huyo ndiye mimi. Nilikuwa na sentensi mbili tu: "Kuna barua yako kutoka nyumbani," halafu, "Aliyeileta hakungoja majibu." Basi. Nasema sentensi mbili, natoka, nakaa nyuma ya pazia nikisikiliza wenzangu wakililiwa na watu. Roho iliniuma, mwanangu, sikufichi. Nilijiona nina kipaji cha kujaza ukumbi, na hapa nimegeuzwa tarishi.

Tulialikwa Bukene kucheza Jumamosi na Jumapili. Bwana Mrisho akanitanguliza kwa treni ya kwenda Mwanza, siku tatu kabla, nibandike matangazo na kuandaa ghala la mpunga ambalo tungelitumia kama ukumbi. Hapo ndipo nilipomwona Mzee Maganga. Alikuwa anavuka reli anakwenda dukani. Mguu mmoja alikuwa anauburuta, na mkono wa kulia ameutanguliza mbele, vidole vimekunjwa nusu, kama ameshika kitu ambacho hakipo. Nikasimama na gundi yangu mkononi nikamtazama mpaka akaingia dukani. Kesho yake nikamvizia tena. Kesho kutwa nikaenda nyuma ya ghala nikamfanyia mazoezi mpaka nikaona nimempata. Sikumwamkia hata mara moja katika siku hizo tatu, na sikumuuliza mtu yeyote habari zake.

Jumamosi alasiri ghala lilifurika. Wakati wangu ulipofika nikaingia na mwendo ule. Sikupiga hata hatua nne, ghala zima likalipuka kwa kicheko, na watoto wakaanza kupiga kelele, "Maganga! Maganga huyo!" Nilipaswa kwenda moja kwa moja kwa kijana na barua. Nikazunguka jukwaa zima. Nikazunguka tena, nikautikisa ule mkono, nikajifanya umening'ang'ania mbele nashindwa kuurudisha. Watu walilia kwa kucheka. Mgema akisifiwa tembo hulitia maji, na mimi siku ile nilimimina ndoo nzima. Barua iliposomwa watu walikuwa bado wanapangusa machozi ya kicheko, na mama wa watu akazikwa bila hata mmoja wa kumsikitikia.

Nilipokuwa natoka nikamwona mwenyewe. Alikuwa amekaa kwenye benchi karibu na mlango, katikati ya wazee wawili wageni waliovaa mashati yaliyopigwa pasi. Wale wageni walikuwa wakicheka pamoja na watu wote. Yeye hakucheka. Alikuwa amevua kofia akaufunika nayo ule mkono.

Bwana Mrisho hakunifokea, na hilo peke yake lilinitisha. Alingoja watu watawanyike, akanieleza alichokwisha ambiwa na wenyeji. Mzee Maganga alikuwa na binti anaitwa Nyamizi. Wale wazee wawili walitoka Lusu, ni upande wa kijana aliyetaka kumwoa, na Jumatatu asubuhi walikuwa wakae na Mzee Maganga kuzungumza habari za ndoa. Walikuja siku mbili mapema ili wapate kuifahamu familia. Na familia waliyoonyeshwa ni baba anayechekwa na Bukene nzima, mpaka na watoto. Ukweni mtu huenda na heshima yake tu, na mimi nilikuwa nimeimwaga ya mwenzangu mbele ya macho yake.

Nikajitetea. Nikasema ulikuwa utani tu.

"Utani na nani?" akaniuliza. "Mtani wako ni mimi hapa. Mimi unicheke nikiwa hai, na nikifa vaa koti langu unicheke tena, ni haki yako. Yule ni Mnyamwezi mwenzako, tena rika la baba yako. Ulichomfanyia siyo utani, ni matusi."

Akaniambia nichague. Kesho nikitoka kanisani niende kwa mzee nikasimame mbele yake, ama nipande treni nirudi Goweko nikavune tumbaku, na jina la kikundi chake nisilitaje tena mahali popote. Mzaha mzaha hutumbua usaha, walisema waliotutangulia. Mimi niliujua msemo huo tangu utotoni, na nilikuwa nikiwaonya wenzangu kwa huo huo.

Jumapili baada ya misa nikaenda. Nilimkuta amekaa uani anapukuchua mahindi. Nikapiga magoti, nikamwamkia, "Shikamoo baba." Akaitikia "Marahaba," akaendelea na mahindi yake. Nyamizi alikuwa amesimama mlango wa jikoni na mwiko mkononi, ananitazama bila kunisalimu. Nikaanza kuomba radhi, maneno marefu niliyoyapanga kanisani badala ya kusali. Mzee akaniacha niyamalize yote. Kisha akaniambia nisimame, nitembee kama nilivyotembea jana.

Nikamwambia siwezi. Akasema tembea. Mwanangu, nimetembea mbele ya kamera, mbele ya mawaziri, mbele ya wazungu, lakini hatua zile kumi za uani kwa Mzee Maganga ndizo zilizokuwa ngumu kuliko zote. Alinitazama kwa makini kama fundi anayekagua kazi ya mwanafunzi.

"Umekosea mguu," akasema. "Mbovu ni wa kushoto. Wewe umeburuta wa kulia."

Siku tatu nilimvizia mtu, na mguu wenyewe sikuuona. Nikakaa chini bila kukaribishwa. Ndipo akanieleza. Mkewe aliposhikwa na uchungu wa Nyamizi walikuwa shambani, mbali na zahanati. Akampakia kwenye baiskeli, akawa anaikokota kwa miguu. Njiani gurudumu likatumbukia kwenye mtaro, baiskeli ikalala upande wake. Akaona mkewe anaanguka, akauingiza mguu chini ya baiskeli, uzito wote ukaishia hapo, na goti likatoka mahali pake. Mkewe hakudondoka. Wala mzee hakumwambia kwamba yeye ameumia. Aliendelea kuikokota mpaka zahanati, mkono wa kushoto umemshika mgongoni, wa kulia uko kwenye usukani. Nyamizi akazaliwa salama. Goti halikurudi sawa, na tangu siku hiyo likimuuma, mkono wa kulia hutangulia wenyewe mbele, bila yeye kuuambia.

Hujafa hujaumbika. Nilitaka ardhi inimeze. Nikamwahidi kwamba mchana ule mlinzi angetembea kama watu wengine wote, na mwendo wake nisingeugusa tena. Nilidhani atafurahi.

"Usiniondoe," akasema. "Ukiniondoa watu watasema Maganga amekwenda kushtaki, na wale wageni watajua kweli mimi ni wa kuchekwa. Jana uliuchukua mguu, mwenyewe ukaniacha njiani. Leo unicheze tena, ila unicheze mimi mwenyewe."

Akainuka akanifundisha. Alinionyesha kwamba yeye haendi polepole kama nilivyofanya, anakwenda haraka, kwa sababu siku ile alikuwa na haraka na mwili haujasahau. Akanionyesha kwamba mtu anayechechemea haonyeshi kuchechemea. Anaficha. Nguvu zake zote zinakwenda kwenye kuficha. Nilikwenda na kurudi uani pale mpaka jua likapanda, naye ananisahihisha, hapana, bega lishushe, hapana, usiutazame mguu, unayemtazama ni mke wangu. Nilipoaga, Nyamizi ndipo aliponisemesha kwa mara ya kwanza.

"Ukiwachekesha watu kwa baba yangu tena," akasema, "nitapanda humo jukwaani nikushushe mwenyewe."

Nilimwamini. Alikuwa bado ameshika mwiko.

Alasiri ghala likajaa kuliko jana, maana habari zilikuwa zimekwisha enea kwamba kuna mtu anamwiga Maganga. Mzee alikuja, akakaa kwenye benchi lile lile, na wageni wake wa Lusu wakakaa naye. Nyuma ya pazia nilikuwa narudia moyoni, bega lishushe, usiutazame mguu. Nilijua kwamba kicheko kikiendelea siku ile, ndoa ya binti ya watu nimeivunja mimi, na hakuna radhi ya kuiunga tena.

Nikaingia. Watoto walianza kucheka kabla sijapiga hatua. Mimi nikaenda haraka, naficha goti, mkono mbele, na akilini mwangu kuna mwanamke juu ya baiskeli ambaye hatakiwi kujua kwamba nimeumia. Sikuzunguka jukwaa. Kicheko kikaendelea kidogo upande wa watoto, kikapungua, kikakatika. Nikafika kwa kijana, nikasema, "Kuna barua yako kutoka nyumbani." Ndipo bibi mmoja aliyekaa nyuma akasema peke yake, kwa sauti ya kawaida kabisa, "Ndivyo alivyompeleka mkewe siku ile."

Watu wa Bukene waliijua habari ile. Walikuwa wameisahau tu, kwa kumwona mzee akipita kila siku. Nikamaliza sentensi yangu ya pili, nikatoka, na nilipokuwa natoka nikaona mmoja wa wale wageni ameinama anamuuliza jirani yake bibi amesema nini, na jirani anamweleza, na mgeni anageuka kumtazama Mzee Maganga. Kijana akafungua barua. Mama yule alililiwa siku hiyo, mwanangu, ghala zima. Mchezo ulipokwisha, yule mgeni wa Lusu alisimama akamshika Mzee Maganga mkono wa kulia, ule ule, kwa mikono yake miwili, wakakaa hivyo wakizungumza watu wakiwapita.

Jumatatu walikaa, wakaelewana. Nyamizi aliolewa Lusu. Mimi nilikuwa nimepanda treni na wenzangu, sikuona arusi, lakini jioni ile ile ya Jumapili nilikwenda kumuaga mzee. Sikupata sifa kutoka kwake. Alisema, "Leo umenifikisha," akanipa karanga za kula njiani. Nililia kwenye behewa mpaka Bwana Mrisho akanitania kwamba mpagazi mzima analilia karanga.

Tangu hapo sijamwiga mtu nisiyemjua. Nilipoitwa Dar es Salaam kwenye michezo ya redio, nikapewa kuwa kipofu, nilikwenda kukaa na kipofu mmoja wiki nzima nikisikia anavyosikia. Televisheni ilipokuja nikapewa uhakimu. Nikaenda kukaa kwenye benchi la mahakama ya mwanzo, siku baada ya siku, nikaona kwamba mheshimiwa akichoka huvua viatu chini ya meza. Nikavivua na mimi kwenye tamthilia. Hakimu mmoja mstaafu alinisimamisha barabarani akaniuliza ni nani aliyenitobolea siri.

Wakaja wazungu nao, wanapiga filamu kwenye njia ile ya zamani ya misafara, hapa nje ya mji. Nikawa mpagazi mmoja kati ya wapagazi arobaini, bila neno hata moja. Mwongozaji wao alitubebesha sote mizigo kichwani. Nikatoka mstarini, nikamwambia kwa mkalimani kwamba Mnyamwezi wa safari alibeba begani, na nikamwonyesha. Wenzangu walinivuta shati wakihofia tutafukuzwa. Mzungu yule alinitazama, akasimamisha kazi, akaamuru mizigo yote ishuke mabegani. Jina langu kwenye filamu ile limeandikwa mwisho kabisa, kwa herufi za kutafutia miwani. Lakini wapagazi wote arobaini wanatembea sawasawa, na hilo nililifanya mimi.

Sasa nisikilize vizuri. Juzi mmoja wenu alikuja kunionyesha kwenye simu jinsi alivyomwiga mama mmoja muuza maandazi pale stendi. Anasema watu maelfu wamecheka. Nami nilicheka, kijana ana kipaji, siwezi kusema uongo. Nikamuuliza yule mama anaitwa nani. Hakujua. Nikamuuliza ana watoto wangapi, anaamka saa ngapi, mgongo umempinda kwa nini. Hakujua. Nikamwambia aende akale maandazi pale kila asubuhi kwa mwezi mmoja, ndipo aje tuzungumze. Nadhani alikasirika. Ukikutana naye, mwambie bado namngoja.

Nasaha yangu ni hii, na naisema wazi ili usije ukasema mzee alizungukazunguka. Usikichukue cha mtu bila kumwamkia mwenyewe. Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake, kwa hiyo uliza, na ukijibiwa kaa kimya usikilize mpaka mwisho. Jua nani ni mtani wako na nani ni baba yako, hata ukiwa na kamera mkononi. Ukipewa nafasi ya sentensi mbili, usione umepunjwa. Umekabidhiwa mtu mzima, mwenye mke na goti na njia ndefu nyuma yake, na watu hawana mwingine wa kuwaonyesha isipokuwa wewe. Mfikishe. Na ukikosea, kama nilivyokosea mimi, usikimbilie kwenye treni. Nenda ukapige magoti uani, kuvunjika kwa koleo siyo mwisho wa uhunzi.

Mimi sasa nimezeeka, ila nikiitwa kesho kufungua geti nitakwenda, na nitalifungua vizuri. Nawe nenda na baraka zangu. Mungu akupe macho ya kuona watu na magoti mepesi ya kuomba radhi. Kazi yako ikubalike kwenu kabla haijakubalika ugenini, maana mcheza kwao hutunzwa. Na siku moja, ukiwa wewe pia umepinda na kuchakaa, mtoto wa mtu atakuona unavuka barabara, atasimama kukutazama, atataka kukuiga. Namwomba Mungu mtoto huyo akukaribie, akuamkie, akuulize jina.